Ndiyo Aliyoisema Aarti

Mwaka 1996, katika studio ya filamu nje kidogo ya Berlin, mzee aitwaye Nikolaus alimwuliza Aarti swali fupi, naye akalijibu kwa neno moja. Nje theluji ilikuwa inaanguka. Ndani, chini ya taa kali, mafundi walikuwa wamemaliza kusimamisha kijiji kizima cha Kiafrika: nyumba kumi na moja za msonge zilizoezekwa kwa nyasi kutoka Poland, udongo mwekundu uliomwagwa sakafuni, na nyuma yake turubai refu lililochorwa jua linazama. Filamu yenyewe ilihusu msafara wa pembe za ndovu, na kijiji hicho, kwa mujibu wa hadithi, kilikuwa kituo cha wapagazi karibu na Tabora.

"Wewe ndiye uliyezaliwa huko," Nikolaus alisema. "Ndivyo palivyokuwa?"

"Ndiyo," Aarti akasema.

Alikuwa na miaka ishirini na minane. Ni kweli alizaliwa Tabora, mtaa wa Kanyenye, katika vyumba vya nyuma ya duka la baba yake, Champaklal, aliyeuza vitenge na vipuri vya baiskeli. Alikwenda Ujerumani Mashariki mwaka 1988 kwa udhamini, kusomea usanifu wa majengo, na kabla hajamaliza masomo nchi iliyomdhamini ikawa haipo tena. Akabaki anatafuta kazi yoyote. Studio ilikuwa inataka wapaka rangi. Kazi yake ya kwanza ikawa kuzeesha kuta: anachukua mbao mpya asubuhi, na ikifika jioni zimekuwa ukuta wa miaka mia moja, ulionyeshewa na kufukizwa moshi na kuegemewa na mabega ya watu wengi. Aliifanya vizuri kiasi kwamba Nikolaus, mbunifu wa mandhari aliyeheshimika, alimwita ofisini kwake na kumfanya msaidizi.

Mbunifu wa mandhari ndiye anayeamua kila kinachoonekana kwenye filamu ukiondoa watu wenyewe. Nyumba ni yake, rangi ya mlango ni yake, kikombe kilichoachwa mezani ni chake. Kanyenye walilifupisha jambo hilo. Walisema binti wa Champaklal anajenga nyumba za sinema.

Alikuwa na sababu za kusema ndiyo. Kibali chake cha kuishi kilitegemea kazi ile. Nyasi zilikwisha kuezekwa. Na ilikuwepo sababu nyingine ambayo hakupenda kuifikiria: hakuwa na uhakika. Alikuwa mtoto wa mjini. Alipokuwa mdogo, akisafiri na baba yake kwenda Nzega, aliona kwa dirisha la gari nyumba ndefu za udongo, fupi kwa kimo, mapaa yake bapa kama meza, michembe ya viazi vitamu ikianikwa juu. Zilimjia akilini pale pale alipokuwa anatazama misonge ya Nikolaus. Lakini kumbukumbu ya mtoto dirishani ingesimamaje mbele ya michoro ya mzee yule, iliyotoka kwenye vitabu vinene vya maktaba? Akaenda kupaka mlango wa nyumba ya mwisho rangi ya buluu, kama alivyoagizwa.

Miaka miwili baadaye kaseti ya filamu ile ilifika Tabora. Mama yake, Maniben, akapiga simu.

"Nimeiona sinema yako," alisema. "Nzuri. Lakini zile nyumba, Aarti, umeziona wapi?"

"Vitabuni, Ba," alijibu Aarti; ndivyo Wagujarati wanavyomwita mama.

"Aha," mama yake akasema, kisha akamwuliza kama anakula vizuri.

Nikolaus alistaafu, na Aarti akashika nafasi yake. Kwa miaka zaidi ya ishirini alijenga vitu vingi: mtaa wa Berlin wa zamani za njaa, tumbo la meli, darasa la watoto viziwi, jiko la mjane mmoja ambalo lilimpatia tuzo. Wenzake katika kazi walimjua kwa tabia moja. Hakubali kubahatisha. Kabla hajachora jiko moja hukaa kwanza katika majiko matatu, ameshika daftari, akitazama mahali ambapo wenye nyumba huweka kisu. Msichana mmoja aliyekuwa akijifunza kwake aliwahi kumwuliza alikoitoa tabia hiyo. Aarti alimwambia ni mazoea tu.

Mwaka 2024, akiwa na miaka hamsini na sita, alipata barua kutoka kwa kampuni ya filamu. Mwongozaji wake alikuwa kijana anayeitwa Alois, mwenye sifa nzuri. Hadithi ilimhusu mpagazi wa misafara anayerudi kijijini kwake na kukuta watu wake wanafukuzwa. Ingepigwa picha Tabora kwenyewe, kando ya njia ya zamani ya misafara. Aarti alikubali kabla hajafika ukurasa wa pili.

Alifika mwezi wa nne, mvua zikiwa zinaishia. Baba yake alikwisha kufariki. Duka lilikuwa limepangishwa kwa watu wa simu, na Maniben, mwenye miaka themanini na mmoja, alishinda barazani akiwasalimu wapita njia kwa majina. Aarti alilala chumba chake cha zamani. Asubuhi ya tatu akaanza kutafuta fundi.

Watu walimwelekeza kwa Plasidi Ntakirutimana wa Ulyankulu. Wazazi wake walikimbia kutoka Burundi mwaka 1972. Yeye alizaliwa hapo hapo Ulyankulu, porini palipofyekwa na baba zao. Alikuwa mtu wa maneno machache, mwenye vidole vinene vilivyopasuka kwa udongo. Aliutazama kwa muda mchoro wa Aarti, wa nyumba ndefu ya udongo yenye paa bapa.

"Tembe," alisema. "Hizi nimeona mabaki tu, mama. Ukitaka msonge nakujengea hata nikifumba macho. Baba alitufundisha, kwao Burundi ndivyo walivyojenga. Tembe silijui."

"Nani analijua?"

"Mtu aliyelala ndani yake."

Mtu huyo walimpata Cheyo, nyumbani kwa binti yake. Bibi Kalunde alikuwa amezaliwa Lusu, na alikaa kwenye tembe la babu yake mpaka mwaka 1974, walipohamishiwa kijiji kipya cha ujamaa na tembe likabomolewa. Walimkuta anachambua choroko kwenye ungo. Aarti na Plasidi wakampa shikamoo, akaitikia marahaba bila kuinua macho.

"Unataka tembe la kuishi au la kupigia picha?" aliuliza alipoelezwa.

"La kupigia picha, Bibi."

"Basi kuta zake si lazima ziwe nene."

"Ziwe nene kama zile za babu yako."

Bibi Kalunde akasimamisha mikono yake ndani ya ungo. "Hapo ndipo sikuelewi," alisema. "Lakini sawa. Mtanifuata na bajaji, miguu yangu haifai kwa mbali."

Basi kila siku bajaji ilimleta hadi kwenye uwanja walioukodi nje ya mji, naye akakaa kwenye kiti cha plastiki na kuwasumbua. Kweli aliwasumbua. Alimfanya Plasidi aung'oe mstari mzima wa nguzo kwa sababu zilisimama karibu mno. Alikataa udongo ulioletwa na lori, akaagiza wa kichuguu. Aliwaonyesha jinsi ya kufunga fito kwa kamba za magome ya miti, kisha juu yake matawi madogo, kisha nyasi, kisha udongo, mpaka paa likawa zito kiasi cha mtu kutembea juu yake. Mara nyingine alijipinga. Jumatatu alisema ng'ombe walilala upande wa kulia wa kuingilia. Alhamisi hana hakika. Jumamosi walikuwa kulia tena. Aarti aliandika yote.

"Msonge haukuwepo kabisa, Bibi?" alimwuliza siku moja.

"Ulikuwepo. Nani kasema haukuwepo? Lakini babu alituambia kwamba huku njiani, enzi za misafara, watu walijenga tembe kwa sababu ya vita. Msonge ukiuwasha moto umekwisha. Tembe likifungwa mlango, adui anabaki nje na ng'ombe wako wamo ndani."

Mwisho wa mwezi wa sita tembe lilikuwa limesimama: pande nne zikizunguka ua, kuta za udongo zilizopigwa kwa viganja, mlango mmoja wa kuinamia. Aarti hakuhitaji kulizeesha sana. Jua na mikono ya watu vilikuwa vimeshafanya nusu ya kazi hiyo.

Ndipo Alois akafika kutoka Ujerumani. Alishuka kwenye gari, akalizunguka jengo mara moja, akarudi pale Aarti aliposimama.

"Kijiji kiko wapi?" aliuliza kwa Kijerumani.

"Hiki hapa."

"Aarti, hili ni ghala."

"Michoro ulitumiwa."

"Nilidhani ni jengo moja kati ya mengi." Alivua kofia, akajipepea nayo. Hakuwa mtu mbaya; alikuwa amechoka na safari, na alikuwa anaogopa. "Mtazamaji akiona hili hajui yuko wapi. Nahitaji nyumba za duara. Na mwisho wa filamu kijiji kinaungua, umesoma mwenyewe. Hili litaunguaje?"

Plasidi aliyekuwa karibu alimwuliza Aarti mgeni anasema nini. Aarti alipomtafsiria, akafikiri.

"Mwambie za duara naweza kumjengea nikimaliza hapa," alisema. "Ila aandike kwamba ni Burundi."

Alois hakucheka alipoambiwa. Alimshika Aarti mkono, akamwongoza pembeni, kwenye kivuli cha lori.

"Nisikilize," alisema. "Nilipokuwa na miaka kumi na moja niliona filamu moja kwenye televisheni, nyumbani kwa bibi yangu. Kulikuwa na kijiji, nyumba za msonge, anga jekundu, moto unatembea kwenye nyasi. Sikuweza kuongea mpaka kesho yake. Nipo kwenye kazi hii kwa sababu ya dakika zile. Ninachokitaka ndicho nilichokiona siku ile."

Aarti aliegemea lori.

"Nyumba ya mwisho," alisema, "ilikuwa na mlango wa buluu?"

"Ndiyo! Unaijua filamu hiyo?"

"Ule mlango niliupaka mimi."

Akamweleza. Alimwambia kuhusu ukumbi wa studio na theluji iliyokuwa nje, kuhusu nyasi za Poland, kuhusu anga ambalo lilikuwa turubai la mita arobaini. Akamwambia swali la Nikolaus, na alivyolijibu.

"Sikujua, Alois. Nilisema tu. Kile ulichokiona kwa bibi yako hakikuwa Tabora. Kilikuwa ni mimi nilivyoogopa kupoteza kazi."

Alois alivaa kofia yake. Uso wake ulikuwa wa mtu aliyeingiliwa chumbani kwake bila kubishiwa hodi.

"Filamu ile ilikuwa nzuri," alisema hatimaye.

"Ilikuwa nzuri sana. Hilo ndilo linalonisumbua."

"Na sasa unaosha dhamiri yako kwa filamu yangu."

Neno hilo lilimwingia Aarti. "Huenda," alisema.

"Nahitaji misonge katika wiki tatu," Alois akasema. "Wewe, au mtu mwingine." Akapanda gari, akaenda hotelini.

Jioni ile Aarti alikaa barazani na mama yake, akamsimulia yote. Aliongea kwa muda mrefu, mpaka akafika kwenye ile simu ya kaseti.

"Swali lako lile, Ba, nimelibeba miaka ishirini na sita. Kila nilipochora nyumba nilikusikia ukiniuliza nimeiona wapi."

Maniben alimgeukia kwa mshangao. "Mimi niliuliza?"

"Kwa simu. Ulisema ni nzuri, lakini zile nyumba nimeziona wapi."

"Sikumbuki hata kidogo," mama yake alisema. "Nakumbuka niliona jina lako linapanda pale mwishoni, nikalia. Baba yako akarudisha mkanda nyuma tukaliona tena." Alinyoosha mkono akamshika goti. "Kama ulitaka kujenga vizuri, ulitaka mwenyewe. Usinisingizie mimi."

Aarti alicheka, kisha akaona kwamba hachekeshwi na kitu. Miaka yote ile alijiona mtu anayejibu swali la mama yake. Kumbe alikuwa peke yake na lile neno lake la ndiyo. Aliingia ndani akakunja michoro yake, akaifunga kwa uzi, tayari kumkabidhi atakayekuja baada yake. Msonge hataujenga. Hilo aliliamua bila hasira, kama mtu anavyoamua kwamba kiatu hakimtoshi.

Asubuhi alipofika uwanjani alikuta gari la Alois limetangulia. Plasidi alikuwa ameegemea toroli, akitabasamu kwa upande mmoja wa mdomo.

"Mgeni wako yuko ndani," alisema. "Amejigonga."

Aarti akainama, akapita mlangoni. Kwanza hakuona kitu; halafu akawaona. Bibi Kalunde alikuwa ameketi chini, miguu ameinyoosha, anamenya karanga. Alois alikuwa amekaa mbele yake ameshika paji la uso, na karanga zikiwa mapajani mwake.

"Alitaka kutoka mara ile ile," Bibi Kalunde alisema. "Nikamwonyesha kwa mkono akae. Macho huchukua muda humu. Mwambie nilivyosema."

Aarti akamwambia. Alois aliitikia kwa kichwa bila kumwangalia. Alikuwa anatazama mwanga uliopita mlangoni na kulala sakafuni, mwembamba, ukipanda kidogo kidogo kwenye magoti ya Bibi Kalunde. Nje mtu alipita, na kivuli chake kikapita juu ya mikono ya yule bibi. Sauti za mafundi zilisikika kana kwamba zinatoka mbali sana.

"Watu wa kijiji walikaa humu wakisikiliza," Alois alisema. "Wakiwasikiliza wale waliokuwa wanakuja kuwafukuza. Wangewasikia muda mrefu kabla ya kuwaona."

"Ndiyo," Aarti akasema, kisha akasita. "Ngoja nimwulize."

Akamwuliza. Bibi Kalunde alimenya karanga mbili kabla ya kujibu. Alisema mwaka 1974 walilisikia trekta tangu alfajiri, na lilifika jua likiwa juu. Mama yake alitumia muda huo wote kufagia. Alifagia ua mzima, akafagia na vyumba, nyumba ambayo saa chache baadaye ingebomolewa.

Alois aliomba tafsiri mara mbili. Alitoa daftari, akaandika, akafuta, akaandika tena. Walipotoka nje, paji la uso limevimba, alimwambia Aarti kwamba misonge na moto ameviondoa. Mwisho wa filamu mwanamke atafagia.

"Watanifokea kule nyumbani," alisema.

"Watakufokea sana," Aarti alikubali.

Walimfokea. Simu kutoka Ujerumani zilikuwa ndefu, na siku za kupiga picha zikapunguzwa. Lakini filamu ikaisha, na katika wiki zile Aarti alifanya kazi kwa utulivu ambao hakuwahi kuujua, akisogeza kinu huku, chungu kule, akimwuliza Bibi Kalunde kila kitu.

Filamu ilipotoka haikupata watazamaji wengi. Gazeti moja liliisifu. Jingine liliandika kwamba kuta za udongo kwa saa mbili zinachosha macho. Kwa miezi kadhaa simu ya Aarti mjini Berlin haikulia, na alielewa kwamba katika kazi hii watu hawakufukuzi. Wanaacha tu kukupigia. Mwishowe alipata tamthilia ndogo ya televisheni, yenye kliniki ya meno ndani yake. Alikwenda akakaa siku tatu kwa daktari wa meno na daftari lake, na hakuona aibu.

Mwaka uliofuata filamu ilionyeshwa Tabora, mchana, katika ukumbi wa parokia, madirisha yakiwa yamezibwa kwa khanga. Plasidi alikuja na familia yake kutoka Ulyankulu, wakajaza benchi zima. Maniben aliletwa kwa gari na kuketishwa mbele, pembeni ya Bibi Kalunde, na wale wakongwe wawili wakaanza kunong'ona hata kabla taa hazijazimwa. Mwanamke wa filamu akaanza kufagia. Mtu fulani nyuma alipenga kamasi.

Taa zilipowashwa Aarti alichuchumaa mbele ya Bibi Kalunde.

"Umeionaje, Bibi?"

"Ng'ombe mmewaweka upande usio wao."

"Lakini Bibi, wewe ndiye uliyetuambia kulia!"

"Nilisema. Nilipoliona tembe pale ukutani ndipo nikakumbuka vizuri. Walikuwa kushoto, karibu na chumba cha mama, kwa sababu yeye ndiye aliyekuwa na usingizi mwepesi. Kulia kulikuwa na mbuzi."

Aarti alimtazama Plasidi, Plasidi akatazama dari. Kisha Aarti akakaa sakafuni miguuni pa bibi yule, akatoa daftari, akaomba kalamu kwa watu waliokuwa wanatoka.

"Kushoto," alirudia akiandika. "Na mbuzi walikuwa wangapi?"

"Kumi na wanne," Bibi Kalunde alisema. "Subiri. Mmoja alikuwa wa shangazi."